Kichwa Kilichonyolewa: Jinsi Yi Yangqianxi Alivyotoka Kwenye Muziki Akawa Mwigizaji

Katika majira ya joto ya mwaka 2018, jijini Chongqing, kijana wa miaka 17 alinyoa nywele zake zote kwa ajili ya filamu. Kwa mwigizaji wa kawaida jambo hilo lisingestahili kuandikwa, kwa maana nywele huota tena. Kwa kijana huyu nywele zilikuwa sehemu ya mtaji. Alikuwa ameanza kuishi kwa sura yake tangu akiwa na miaka 12, na mamilioni ya watu, wengi wao wasichana na kina mama, walikuwa wakitunza picha zake za kila msimu kama familia inavyotunza picha za kitinda mimba. Jina lake ni Yi Yangqianxi, ingawa nje ya China anajulikana zaidi kama Jackson Yee. Kwa kuwa Wachina hutanguliza jina la ukoo, hapa nitamwita Yi.

Wanamuziki wengi wa China wamejaribu kuvuka kutoka jukwaani kwenda kwenye filamu na tamthilia, na wengi wao wamebaki mlangoni. Yi alivuka, na amevuka kwa namna ambayo hata wasiopenda muziki wake wanaikubali. Baada ya kuzifuatilia kazi zake moja baada ya nyingine, ninaamini kwamba alifaulu kwa sababu alikubali kupokonywa: kila kazi iliyompandisha ilianza kwa kumvua kitu ambacho ndicho kilichokuwa kimempatia jina.

Alizaliwa tarehe 28 Novemba 2000 mkoani Hunan. Jina lake lenyewe limebeba mwangwi wa mwaka huo, kwa kuwa sauti ya qianxi ndiyo wanayoitumia Wachina wanapotaja milenia. Akiwa bado mdogo alihamia Beijing na wazazi wake, akapitishwa katika mafunzo mengi, dansi ikiwa mbele ya yote. Tarehe 6 Agosti 2013 kampuni ya Time Fengjun ilitambulisha kundi la TFBoys lenye vijana watatu: Wang Junkai, Wang Yuan na Yi. Mtindo wa kundi hilo ulikopwa Japani, nao kwa Kichina huitwa yangcheng, yaani kulea hadi kukua. Shabiki hakuuziwa mwimbaji aliyeiva. Aliuziwa mtoto ambaye sauti yake ingevunjika mbele ya hadhira, ambaye angefanya mitihani ya shule huku akitoa nyimbo, na ambaye kimo chake kingepimwa mwaka hadi mwaka.

Nguvu ya malezi hayo haikuwa ya kubezwa. Mwaka 2014, Wang Junkai alipotimiza miaka 15, aliandika ujumbe mfupi kwenye mtandao wa Weibo, na ujumbe huo ukasambazwa zaidi ya mara milioni 42, ukaingia katika rekodi za Guinness. Mwaka 2016 vijana hao watatu walikuwa kwenye tamasha la mkesha wa mwaka mpya wa Kichina la televisheni ya taifa, lile ambalo familia hulitazama huku zikikunja maandazi ya nyama usiku wa manane. Kufikia hapo hapakuwa na bibi katika kijiji cha China ambaye mjukuu wake hakuwahi kumtajia majina yao.

Msomaji anaweza kudhani kwamba mtu mwenye umati wa namna hiyo amekwisha kufaulu kabla ya kuanza. Kwa upande wa kupata kazi, ni kweli. Watayarishaji wa tamthilia nchini China walikuwa wamejenga hesabu nzima juu ya wanaoitwa nyota wa liuliang, neno ambalo maana yake halisi ni mtiririko, na ambalo katika biashara hiyo humaanisha wingi wa watu wanaomfuata mtu mtandaoni. Palipokuwa na mtiririko palikuwa na matangazo ya biashara, na palipokuwa na matangazo palikuwa na fedha za tamthilia. Kijana wa muziki alipewa nafasi ya mhusika mkuu kabla hajajua kamera iwekwe wapi, na malipo yake yalikula sehemu kubwa ya bajeti iliyopaswa kuwalipa waandishi na mafundi.

Matokeo yake yalikuwa aibu ambayo watazamaji wa China waliitungia msamiati wao. Wapo walioitwa mabwana wa tarakimu, kwa sababu walipofika mbele ya kamera hawakuwa wamekariri maneno yao, wakawa wanahesabu moja, mbili, tatu, nne kwa sura ya huzuni au ya mapenzi, wakijua kwamba sauti halisi itatiwa baadaye. Upo pia mtindo ulioitwa koutu, yaani kukata picha, ambapo nyota alipigwa picha peke yake mbele ya kitambaa cha kijani kwa siku chache, kisha mafundi wakambandika katika mandhari ambayo hakuwahi kuyaona na mbele ya waigizaji ambao hakuwahi kukutana nao.

Hapa inafaa kueleza jambo moja la kiufundi. Msomaji wa Afrika Mashariki aliyemfahamu Mao Doudou, mhusika wa tamthilia ya Kichina, kupitia TBC mwaka 2011, akizungumza Kiswahili safi na mama mkwe wake, amezoea kwamba mwigizaji wa Kichina husikika kwa sauti ya mtu mwingine, na anaelewa sababu yake, kwa kuwa lugha imebadilika. Huenda hajui kwamba hata nyumbani kwao tamthilia nyingi za Kichina hutiwa sauti upya, Kichina juu ya Kichina. Sehemu za kupigia picha huwa na kelele, waigizaji hutoka mikoa yenye lafudhi tofauti na Kichina sanifu, na ratiba haziruhusu kurudia. Kwa mwanamuziki anayehamia kwenye tamthilia desturi hiyo ni mtego mtamu. Mtu aliyejulikana kwa sauti huingia katika kazi inayomruhusu kuiacha sauti nyumbani, na pasipo sauti kinachobaki ni uso, yaani kile kile ambacho mashabiki walikuwa wamekwisha kukinunua. Hakuna jipya analojifunza.

Si kwamba Wachina hawakuwa na mfano mwema. Hong Kong ya miaka ya 1980 na 1990 iliwatoa Leslie Cheung, Anita Mui na Andy Lau, ambao walikuwa waimbaji wakubwa na waigizaji wakubwa kwa wakati mmoja, na Faye Wong, ambaye filamu ya Wong Kar-wai ya mwaka 1994, Chungking Express, ilimfaa kama kwamba iliandikwa kwa ajili ya mwendo wake. Lakini Hong Kong ulikuwa mji mmoja mdogo, ambamo studio za muziki, za televisheni na za filamu zilishirikiana watu wale wale, na Andy Lau alikwisha kupita katika darasa la uigizaji la televisheni ya TVB kabla hajawa mwimbaji wa kuogopwa. China bara haikuwa na ujirani huo. Kijana wa TFBoys alilelewa katika chumba kimoja na kutakiwa kuruka hadi chumba kingine.

Wenzake wawili walichukua njia zao. Wang Junkai aliingia Chuo cha Filamu cha Beijing mwaka 2017, naye Wang Yuan akaenda Marekani kusoma muziki katika chuo cha Berklee. Yi aliingia Chuo Kikuu cha Sanaa za Maigizo mwaka 2018, miongoni mwa vyuo ambavyo mtihani wake wa kuingilia huwaangusha maelfu kila mwaka. Chuo hicho kimejengwa juu ya jukwaa la tamthilia za moja kwa moja: pumzi, matamshi, mazoezi ya kuigiza wanyama, miezi ya kufanya onyesho moja dogo mbele ya mwalimu asiyejali una wafuasi wangapi. Ninalitaja hili kwa uzito kwa sababu katika mazungumzo mengi kuhusu waimbaji wanaoigiza, shule huchukuliwa kama pambo la wasifu. Kwa mtu aliyelelewa kupendwa tangu utotoni, kukaa mahali ambapo mtu anakwambia hujafanya vizuri, rudia, ni chakula ambacho alikikosa.

Si kweli kwamba aliigiza vizuri tangu siku ya kwanza. Alikuwa ameonekana katika tamthilia kadhaa akiwa mtoto na kijana, na mwaka 2017 wote watatu walicheza pamoja katika tamthilia ya wanafunzi wa mpira wa besiboli, kazi ambayo ilitengenezwa ili mashabiki wawaone watoto wao wakikimbia. Kazi yake ya kwanza ya uzito ilikuwa The Longest Day in Chang'an, iliyoanza kuonyeshwa Juni 2019, yenye vipindi 48 vinavyosimulia siku moja tu katika mji mkuu wa enzi ya Tang, sikukuu ya taa ya mwaka 744. Yi alimwigiza Li Bi, ofisa kijana anayeongoza idara ya ulinzi wa jiji, akiwa na joho la kitawa na mgwisho mweupe mkononi, huku Lei Jiayin, mwigizaji mzoefu, akiwa mfungwa aliyehukumiwa kifo anayetumwa mitaani kuwasaka magaidi.

Nafasi hiyo ni ngumu kuliko inavyoonekana. Mfungwa hukimbia, hupigana na kuvuja jasho. Ofisa husimama ndani ya ukumbi akitoa amri kwa maneno yenye ladha ya kale. Katika vipindi vingi Yi ni mkakamavu kupita kiasi. Shingo yake haigeuki, sauti hubaki kwenye mstari mmoja, na anapokasirika unamwona kijana aliyeagizwa akasirike. Ukakamavu huo kwa sehemu ulimfaa mhusika, ambaye ni mtoto wa vitabu aliyepewa mamlaka mapema mno na asiyetaka wazee wa baraza waone hofu yake. Lakini nisingependa kumpa sifa ambayo ni ya mwandishi. Alichopata kwenye tamthilia hiyo ni miezi mirefu mbele ya waigizaji wanaojua kazi, akiwa na jukumu lisilomruhusu kucheza dansi, kutabasamu wala kuimba.

Better Days ndiyo iliyobadilisha kila kitu, ingawa nusura isionekane. Filamu hiyo iliyoongozwa na Derek Tsang, ambamo Yi aliigiza pamoja na Zhou Dongyu, ilikuwa imepangiwa tamasha la Berlin Februari 2019 ikaondolewa, kisha ikapangiwa kumbi za China mwezi Juni ikaahirishwa siku chache kabla. Ilitoka tarehe 25 Oktoba 2019, na mapato ya tiketi yake nchini China yakapita yuani bilioni 1.5.

Kisa chenyewe ni cha msichana maskini, Chen Nian, anayejiandaa kwa gaokao, mtihani wa taifa wa kuingia chuo kikuu, huku wanafunzi wenzake wakimtesa. Anakutana na Xiao Bei, mvulana wa mitaani asiye na shule wala wazazi, ambaye anakuwa mlinzi wake. Yi ndiye Xiao Bei. Angalia jinsi anavyomsindikiza kwenda na kurudi shuleni. Hatembei naye bega kwa bega. Humfuata nyuma kwa hatua kadhaa, kichwa kimeinama, mabega yamepinda mbele, mwendo wa mtu aliyezoea kupigwa na ambaye hataki kuonekana, lakini ambaye masikio yake yako wazi. Mchezaji dansi wa jukwaani hufundishwa kinyume cha hayo yote: kifua wazi, uso kwenye mwanga, kila kiungo kimalizie mchoro wake. Ili apate mwendo ule Yi ilimbidi aifahamu miili yote miwili, ule wa kuonyesha na ule wa kuficha, na hapa ndipo dansi ilipomsaidia kwa mlango wa nyuma. Mtu anayejua kunyoosha kila msuli ndiye anayejua pia ni upi wa kuulegeza.

Halafu kuna nywele. Watesaji wanamkata Chen Nian nywele zake ovyo, wakimpiga picha. Xiao Bei anachukua mashine na kumnyoa zilizobaki, polepole, huku mikono yake ikijua kwamba kila mahali inapogusa pana kidonda, na yeye pia anabaki na kichwa kitupu. Wote wawili wanatazamana wakiwa hawana kitu cha kujificha nyuma yake. Waongozaji wengi wa tamthilia za nyota wangeweka nywele za bandia, au wangemwacha mvulana na nywele zake kwa kuogopa mikataba. Kile ambacho mashabiki walikilea kwa miaka mitano kiliondolewa kwa dakika chache, na uso uliobaki, wenye makovu ya kupakwa na macho yaliyovimba, ulikuwa uso wa mtu ambaye hawakuwa wakimfahamu.

Tukio ninaloliona kuwa kilele chake halina neno hata moja. Wawili hao wanakutana gerezani, kioo kikiwa katikati yao. Kamera inamwendea mmoja, inarudi kwa mwingine, na nyuso zinapishana kwenye kioo. Yi anaanza kwa kutabasamu ili kumpa moyo mwenzake, tabasamu linatetemeka, machozi yanaanguka, naye anaendelea kutabasamu kupitia machozi kana kwamba ana aibu nayo. Mwimbaji aliyezoea kupewa muziki wa kumbeba anapolia, hapa hakupewa chochote ila kioo na macho ya Zhou Dongyu. Ningeweza kumpa mwanafunzi wa uigizaji dakika hizo peke yake aziangalie wiki nzima.

Tuzo za Filamu za Hong Kong za mwaka 2020 ziliipa filamu hiyo tuzo nane, ikiwemo ya mwigizaji mpya bora kwa Yi, na mwaka 2021 ikaingia katika orodha ya mwisho ya filamu bora za kimataifa za Oscar ikiiwakilisha Hong Kong. Baada ya hapo kazi zilifuatana kwa kasi. Mwisho wa Desemba 2020 alikuwa mgonjwa kijana wa saratani katika A Little Red Flower. Tarehe 30 Septemba 2021 alikuwa Wu Wanli, mtoto mtundu wa wavuvi wanaoishi kwenye mashua, anayemfuata kaka yake vitani Korea katika The Battle at Lake Changjin, filamu iliyokusanya takriban yuani bilioni 5.77 na kushika rekodi ya China hadi mwaka 2025. Tarehe 1 Februari 2022, siku ya mwaka mpya wa Kichina, filamu zake mbili zilianza kuonyeshwa kwa siku moja: sehemu ya pili ya vita hivyo, na Nice View, kisa cha fundi simu wa Shenzhen anayehangaika kulipia upasuaji wa moyo wa mdogo wake wa kike.

Ukiziangalia kwa pamoja, utaona kwamba karibu kila mara aliwekwa chini ya mkubwa fulani. Kwenye vita yuko chini ya Wu Jing, ambaye ni kaka na kamanda wake. Katika Full River Red ya Zhang Yimou, ya Januari 2023, yuko mkabala na Shen Teng, mchekeshaji aliyemzidi zaidi ya miaka 20, na hapo kuna jambo ambalo Mswahili atalifurahia bila kufafanuliwa: Yi ndiye mjomba na Shen Teng ndiye mpwa. Mtu mzima mwenye ndevu anamwita kijana mjomba, naye kijana, kamanda mwenye uso wa chuma, hana budi kuibeba heshima hiyo bila kucheka. Ucheshi wake wote umo katika kutofanya kichekesho. Kwa mtu aliyetoka kwenye biashara ya kupendeza, kukaa kimya ili mwenzake apate kicheko ni kazi, na aliifanya kwa ukarimu.

Wakati huo huo nyumba alikotoka ilikuwa ikiungua. Mnamo Agosti na Septemba 2021 mamlaka za China zilipiga marufuku orodha za kuwapanga nyota kwa umaarufu, zikazuia vipindi vya mashindano ya kutafuta nyota wapya wa aina ya TFBoys, na kuwaagiza watayarishaji wasichague waigizaji kwa kigezo cha mtiririko peke yake. Nyota kadhaa waliokuwa wakipewa nafasi za bure walijikuta bila kazi. Yi alikuwa amekwisha kuhamisha vyombo vyake.

Ila umaarufu uliomfungulia mlango ulimdai pia. Julai 2022, akiwa anahitimu chuo, jina lake lilionekana katika orodha ya waliopendekezwa kuajiriwa na Jumba la Taifa la Maigizo la China, pamoja na vijana wengine wenye majina. Ajira hiyo ni ile inayoitwa bianzhi, nafasi ya kudumu ya umma yenye mafao na usalama hadi uzeeni. Kwa takwimu rasmi za Juni mwaka huo, asilimia 19.3 ya vijana wa mijini wenye umri wa miaka 16 hadi 24 waliokuwa wakitafuta kazi hawakuwa nayo. Watu waliuliza: kijana tajiri aliyekuwa akipiga filamu mwaka mzima alifanya mtihani lini, na kwa nini achukue kiti ambacho wengine wanakikeshea miaka? Makala moja ya gazeti ilipojaribu kumtetea kwa kuwadhihaki walalamikaji kuwa ni watahiniwa wa miji midogo, vijana wasiojua lolote ila kujibu mitihani, moto ukawa mkubwa zaidi. Tarehe 17 Julai Yi aliandika kwamba anaiacha nafasi hiyo.

Ghadhabu hiyo haikuwa ya wivu peke yake, na haikutoka kwa watu waliodharau uigizaji wake. Ilitoka kwa wale wale waliokuwa wamemlilia. Better Days ni filamu ya watahiniwa, ya watoto wa vyumba vya kupanga ambao gaokao ndiyo kamba pekee iliyoshushwa kisimani. Nice View ni filamu ya kijana asiye na mtu wa kumpigia simu. Yi alikuwa ameuazima uso wake kwa wanyonge hao vizuri kiasi kwamba walimhesabu kuwa wao, na siku walipoona jina lake kwenye orodha waliona mmoja wao akipita foleni kwa mlango wa pembeni. Nyota asiyejua kuigiza asingewaumiza hivyo. Kama sheria zilivunjwa au hazikuvunjwa ni suala jingine. Ninachokiona ni kwamba kuhama kutoka muziki kulikamilika siku ile, kwa njia chungu, kwa kuwa hadhira ilikuwa imeacha kumtazama kama mtoto iliyemlea na kuanza kumhoji kama mtu mzima.

Muziki hakuutupa. Mwaka 2022 alitoa albamu, na tarehe 6 Agosti 2023 alisimama tena na wenzake wawili jijini Xi'an kuadhimisha miaka 10 ya kundi lao. Lakini kazi iliyofuata ya maana ilikuwa filamu ya Yang Lina, Big World, iliyopata tuzo ya watazamaji katika tamasha la Tokyo mwaka 2024 na kuanza kuonyeshwa China tarehe 27 Desemba mwaka huo. Yi ni Liu Chunhe, kijana wa miaka 20 aliyezaliwa na ulemavu wa ubongo unaoathiri misuli, anayeishi Chengdu na kutaka kujitegemea licha ya woga wa mama yake.

Safari hii alivuliwa kila kitu. Mwili ambao tangu utotoni ulifundishwa kutii ulitakiwa uonyeshe misuli isiyotii: mkono unaopinda kuelekea kifuani, kidole kinachokwenda kwingine, taya inayopigana na neno kabla halijatoka. Maneno ya Chunhe hutoka kwa shida, na mwimbaji aliyesifiwa kwa wepesi wa mdomo analazimika kuyatafuta moja moja. Nimewasikia wanaosema kwamba nafasi hiyo ilistahili mtu mwenye ulemavu wenyewe, na ninaona wana hoja, kwani filamu inayodai nafasi kwa ajili ya walemavu haikumpa mmoja wao nafasi ya mbele. Ninalolishuhudia ni kwamba Yi hakumfanya Chunhe malaika. Kijana huyo ana hasira, ana tamaa ya mapenzi, ana ukali kwa mama yake, na zipo dakika ambazo mtazamaji hampendi. Novemba 2025, mjini Xiamen, nafasi hiyo ilimpatia Yi Jogoo wa Dhahabu, tuzo ya filamu ya China, ya mwigizaji bora wa kiume, siku chache kabla hajatimiza miaka 25.

Mwaka huo huo, katika tamasha la Cannes, ilionyeshwa filamu ya Bi Gan, Resurrection, iliyopata tuzo maalumu ya majaji. Yi ni kiumbe aotaye ndoto ambaye hupitia zama mbalimbali za karne ya 20 akiwa na umbo jipya kila mara. Sura ya kwanza imetengenezwa kwa mtindo wa sinema za kale zisizo na sauti. Hakuna wimbo, hakuna maneno, na uso ambao uliuza mamilioni ya mabango umezikwa chini ya vipodozi vya zimwi lenye upara na ngozi iliyokauka, likitambaa kwenye korido nyembamba. Aliyemjua Yi kwa sura atakawia kumtambua, na huenda akamtambua kwanza kwa mabega, yaliyopinda mbele, yakisikiliza.